Saa ya Mkono: Mtumishi au Pambo?

Katika vitu vyote ambavyo binadamu huvaa, ni vichache vilivyodhulumiwa kama saa ya mkono. Nguo huulizwa kama yasitiri, kiatu huulizwa kama chatembea, mwavuli huulizwa kama wazuia mvua. Lakini saa haiulizwi kama yasema kweli. Huulizwa jina lake, rangi yake, uzito wake na bei yake. Mnunuzi hutoka dukani na chombo kipana kama kifuniko cha sufuria, kilichopakwa dhahabu ya juujuu, chenye vijisaa vitatu ndani ya uso wake ambavyo hajui kazi yake wala hana nia ya kuijua. Akiulizwa saa ngapi, hukunja uso, hugeuza mkono kuutafuta mwanga, kisha hutoa simu mfukoni apate kujibu. Makala haya yanaupinga upotovu huo. Dai lake ni fupi: saa ya kila siku ni mtumishi, na mtumishi huchaguliwa kwa kazi. Anayemchagua kwa sura asishangae kazi ikilala.

Wapinzani wa dai hili ni makundi matatu. Kundi la kwanza husema kuwa saa ni heshima, na kwamba mtu wa cheo akivaa saa ndogo hujishusha. Kundi la pili husema kuwa saa imekufa, simu imeizika, na kwamba kubishana juu ya saa ya mkono ni kubishana juu ya taa ya kibatari. Kundi la tatu hukubali kuwa saa ina kazi, ila hudai kuwa kitu cha bei ndogo hakina kazi ya kuaminiwa, kwa kuwa rahisi huvunja upishi. Kila kundi lina neno la kusikilizwa, na hakuna lenye haki ya kushinda.

Na wasikilizwe kwanza watu wa heshima. Wao husahau kuwa saa ya mkono haikupata heshima kwa uzuri wake. Zamani, huko Ulaya, ilihesabiwa kuwa bangili ya wanawake. Mwanamume aliweka saa yake mfukoni kwa mnyororo, na angecheka kuona mwenziwe kaifunga mkononi. Kilichogeuza mambo ni kazi. Mnamo 1904 Louis Cartier alimtengenezea saa ya mkono rafiki yake Alberto Santos-Dumont, rubani Mbrazili, kwa sababu rubani hawezi kuachia chombo angani akapekua mfuko. Vita Kuu ya 1914 hadi 1918 ikaja, na askari waliotakiwa kutoka mahandakini kwa dakika moja waliona upesi kuwa mkono wenye saa ni bora kuliko mfuko wenye saa. Vita vilipokwisha, wanaume waliendelea kuivaa. Basi saa ilipanda mkononi kwa sababu ya manufaa. Anayeivaa leo pasipo manufaa hailindi heshima yake ya kale. Airudisha katika bangili ilikotoka.

Liko jambo lingine ambalo watu wa heshima hawapendi kulitaja. Saa ya kamani, ile ya kutiwa ufunguo au ya kujitia yenyewe kwa mtikisiko wa mkono, ilikwisha shindwa katika kazi yake. Mnamo 1880 ndugu Pierre na Jacques Curie waligundua kuwa fuwele likibanwa hutoa umeme. Baadaye ikaonekana kuwa likitiwa umeme hutikisika. Mnamo 1927 Warren Marrison, huko Marekani, akajenga saa iliyoongozwa na mtikisiko wa fuwele la kwatzi. Tarehe 25 Desemba 1969 kampuni ya Seiko ya Japani ikauza saa ya mkono ya namna hiyo, ikiitwa Astron, kwa yeni 450,000, bei ya kununua gari dogo. Ndani ya saa ya kwatzi ya siku hizi kijiwe hutikisika mara 32,768 kwa sekunde moja. Hesabu hiyo hugawanywa kwa mbili mara kumi na tano, na kinachobaki ni pigo moja kwa kila sekunde. Kwa mnunuzi wa kawaida faida yake ni hii. Saa ya kamani iliyopewa cheti cha usahihi na taasisi ya Uswisi, COSC, huruhusiwa kwa wastani kukosea sekunde 4 nyuma au 6 mbele kila siku. Katika siku thelathini kosa laweza kufika dakika tatu. Saa ndogo ya plastiki ya Casio, aina ya F-91W, ambayo kibarua aweza kuinunua, huahidiwa na mtengenezaji wake kutokosea zaidi ya sekunde 30 kwa mwezi mzima. Mtumwa amemshinda bwana, tena katika shauri ambalo bwana alikuwa akijivunia.

Watengenezaji wa Uswisi waliyaona hayo kabla ya wanunuzi. Kazi za saa nchini mwao ziliajiri watu karibu 90,000 mnamo 1970. Kufikia miaka ya katikati ya 1980 walibaki karibu theluthi moja. Baadhi yao walijibu kwa akili: mnamo 1983 ilitoka Swatch, saa ya kwatzi yenye vipande 51 tu, ya bei ya chini. Wengine walijibu kwa ufasaha. Madhali hawakuweza tena kusema kuwa saa zao husema kweli kuliko nyingine, walianza kusema kuwa humfanya mvaaji awe mtu. Tangu hapo tangazo la saa ya thamani halitaji majira. Hutaja mashua, milima, wana na urithi. Hapana kosa kwa mfanyabiashara kusifu bidhaa yake. Kosa ni la msomi ambaye darasani hufundisha kuchambua maneno, na dukani hununua maneno akidhani amenunua saa. Wahenga walikwisha sema: uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti.

Kundi la pili, watu wa simu, wana hoja yenye nguvu zaidi. Simu hupata majira yake kutoka mtandaoni, haikosei, na kila mtu anayo. Yote hayo ni kweli, na bado hoja haitoshi. Simu hukaa mfukoni, na mfuko ndimo saa ilimotolewa zaidi ya miaka mia iliyopita kwa sababu mikono ya watu ina kazi. Mvuvi anayevuta jarife, fundi mwenye zege mikononi, mwendeshaji wa bodaboda na mwalimu mwenye chaki hawawezi kutoa simu kila watakapo kujua muda. Mtahiniwa ndiye asiyeweza kabisa: simu hairuhusiwi katika chumba cha mtihani, na mwanafunzi aliyezoea kuitegemea hukaa mbele ya maswali matano na saa tatu akiwa kipofu wa muda. Huandika kurasa saba kwa swali la kwanza, na la tano hulijibu kwa mistari miwili. Alama alizopoteza hapo si za ujinga. Ni za kukosa kidude ambacho bei yake ni ndogo kuliko ya kitabu kimoja.

Tena simu haijui kutoa jibu moja. Anayeifungua kutazama saa hutoka na habari kumi, na saa haikumbuki. Saa ya mkono huulizwa neno moja na hujibu neno moja, kisha hunyamaza. Kwa mtu wa masomo, unyamavu huo ni sifa.

Lakini hoja kubwa dhidi ya makundi yote mawili haiko chuoni, iko zahanati. Mtoto mdogo mwenye kikohozi na pumzi ya taabu hupimwa nimonia kwa namna ambayo haihitaji mtambo: mhudumu humtazama kifua na kuhesabu pumzi zake kwa dakika moja kamili. Shirika la Afya Duniani limeweka mipaka. Mtoto wa miezi miwili hadi kumi na mmoja akivuta pumzi mara 50 au zaidi kwa dakika, pumzi yake ni ya haraka. Wa mwaka mmoja hadi mitano, mara 40 au zaidi. Tofauti ya pumzi chache yaweza kuwa tofauti ya dawa na kurudishwa nyumbani. Basi na atazamwe mhudumu mwenye saa ya dhahabu isiyo na mshale wa sekunde, au yenye mshale mwembamba kama unywele juu ya uso unaong'aa. Atahesabu nini? Atakisia. Na mwenziwe mwenye saa nyepesi ya tarakimu, au saa nyeupe ya kubanikwa kifuani ambayo wauguzi huitumia ili mikono ibaki mitupu ya kuoshwa, atahesabu na atajua. Hapo ndipo swali la kuchagua saa linapoacha kuwa swali la mapambo. Uhai wa mtu huweza kuning'inia katika mshale ambao muuzaji aliuondoa ili uso upendeze.

Sasa kundi la tatu, watu wa methali. Rahisi huvunja upishi, ni kweli. Lakini methali hii yamwonya mnunuzi asinunue kibovu, haimwamuru anunue ghali. Urahisi na ubovu ni vitu viwili. Saa iliyo rahisi kwa sababu imetengenezwa kwa mamilioni, kwa vipande vichache na kwa kanuni moja, si bovu. Saa iliyo rahisi kwa sababu imeandikwa jina la mwingine ni bovu hata kabla haijafunguliwa. Masoko yamejaa saa za namna hii ya pili: jina kubwa la Uswisi juu ya uso, mtambo wa senti chache ndani, vijisaa vilivyochorwa visivyotembea. Mwanafunzi hutoa fedha ya kujikimu ya majuma mawili kuinunua. Baada ya miezi michache rangi ya dhahabu humtoka na kumpaka mkono weusi, mtambo husimama, na fundi saa wa pembezoni mwa barabara humwambia kuwa hakuna kipande cha kuitengenezea. Mtu huyo hakuibiwa na bei ndogo. Aliibiwa na tamaa ya jina. Heri jina dogo la kweli kuliko jina kubwa la uongo, kwa maana anayevaa uongo mkononi amekwisha kubali kuulizwa saa na kujibu kwa uongo.

Baada ya kuondoa hoja hizo, yafaa kusema saa ya kazi ni ipi. Sifa yake ya kwanza ni kusomeka: uso mpana wa kadiri, weupe juu ya weusi au weusi juu ya weupe, mishale miwili isiyofanana kwa urefu, mshale wa sekunde unaoonekana, na tarakimu zote kumi na mbili. Hili la tarakimu lina uzito wa pekee kwa msemaji wa Kiswahili, na ni ajabu kuwa wanazuoni wa lugha hawalisemi. Kiswahili huhesabu saa tangu jua linapochomoza. Katika nchi zilizo karibu na ikweta hesabu hii ni ya haki kabisa, kwani Dar es Salaam mchana mrefu na mchana mfupi wa mwaka hazitofautiani hata kwa saa moja. Lakini saa za viwandani hutiwa majira ya kuhesabu tangu usiku wa manane. Kwa hivyo mshale mfupi ukigusa 7 watu husema saa moja, ukigusa 10 husema saa nne. Mtoto hufundishwa kuona kitu kimoja na kutamka kingine.

Uso wa mviringo humsaidia. Saa ya Kiswahili daima hukaa mkabala wa tarakimu iliyoguswa: 7 hutazamana na 1, 9 na 3, 10 na 4, na 12 na 6. Mishale mingi mifupi ina mkia mdogo upande wa pili wa mhimili, na mkia huo, kwa bahati njema, husema Kiswahili wakati kichwa chasema Kiingereza. Saa ya tarakimu tupu haina mkia. Mwenye kuisoma hana budi kutoa sita, na ikiwa yaonyesha saa ishirini na nne kwa siku, baada ya magharibi hutoa kumi na nane: 20:00 ni saa mbili usiku. Si hesabu ngumu, ila ni hesabu isiyo ya lazima. Na saa ya pambo, yenye uso mtupu usio na tarakimu hata moja, haisemi lugha yoyote. Ni bubu aliyevaa joho.

Yuko anayependa kutia saa yake majira ya Kiswahili moja kwa moja, na hapana wa kumkataza. Ila kama saa hiyo yaonyesha tarehe, na aangalie aendako. Akiipeleka mbele kwa saa sita, tarehe itageuka jioni jua linapotua, sawasawa na hesabu ya kale ya Pwani ambayo usiku hutangulia mchana wake, na usiku wa kuamkia Ijumaa huwa ni usiku wa Ijumaa. Akiirudisha nyuma kwa saa sita, tarehe itageuka alfajiri. Mishale haitaonyesha tofauti yoyote, tarehe itaionyesha. Kwamba viwanda havitengenezi kwa wingi uso wenye 1 mahali pa 7 si kwa sababu ni vigumu. Ni kwa sababu wanunuzi wa Kiswahili, walio mamilioni, hawajaudai. Huulizia dhahabu.

Sifa ya pili ni kustahimili maji, jasho na vumbi. Hapa kuna mtego wa maneno. Saa iliyoandikwa mita 30 haikuruhusiwa kuzama mita 30. Maandishi hayo hutaja shinikizo la jaribio, na maana yake kwa mvaaji ni mvua na kunawa, si kuogelea. Wa kuogelea na atafute mita 50 au zaidi, na wa baharini mita 100. Hata hiyo hulindwa na pete ndogo ya mpira inayochakaa. Betri ikibadilishwa bila pete kutazamwa, maandishi hayana maana tena. Mkanda wa ngozi hupendeza dukani, lakini katika joto la Mombasa au Tanga hunywa jasho, hunuka na kuoza. Nailoni hufuliwa, mpira huoshwa, chuma kisichoshika kutu hupanguswa. Mwislamu anayetawadha mara tano kwa siku ana shauri zaidi, kwa kuwa maji hayana budi kufika kwenye ngozi iliyo chini ya saa. Mkanda uliolegea kidogo, unaosogea, humtosha. Ule wa kubana humlazimu aivue kila mara, na saa inayovuliwa mara tano kwa siku husahauliwa penye birika siku moja.

Sifa ya tatu ni kuonekana gizani, na ina historia ya kuhuzunisha. Tangu 1917 wasichana wa kiwanda cha New Jersey, Marekani, walipaka nyuso za saa rangi ya radi iliyong'aa usiku, wakifundishwa kuchonga brashi kwa midomo. Taya zao zilioza na wengi wakafa. Mnamo 1927 watano walishtaki, na 1928 wakalipwa kwa suluhu. Saa za leo hung'aa kwa madini ya strontiamu yasiyo na sumu hiyo. Kisa hiki kinafaa kukumbukwa na anayedhani kuwa saa ni kitu kidogo: watu walikufa ili wengine wajue muda gizani.

Saa janja ina haki yake. Hupima mapigo ya moyo, huhesabu hatua, na kwa mgonjwa aliyeshauriwa na daktari yaweza kuwa msaada. Walakini nyingi hudai umeme kila baada ya siku moja au chache, hutegemea simu na programu zitakazozeeka kabla ya mkanda wake, na katika mitihani mingi hukataliwa pamoja na simu. F-91W huahidiwa betri ya miaka saba. Mtumishi anayetaka kulishwa kila jioni si wa nyumba ambayo umeme hukatika.

Wala haisemwi hapa kuwa saa ya kamani itupwe. Haitaki betri, fundi aweza kuifungua akaisafisha, na mjukuu aliyerithi saa ya babu yake huvaa kumbukumbu, na kumbukumbu haina bei. Kinachopingwa ni kumnunulia kijana wa leo historia ya familia ya mtu mwingine, kwa mkopo.

Mwisho kuna tuhuma ambayo Waafrika wamebandikwa, kwamba hawajali muda, na mkutano ukichelewa wenyewe hucheka na kuuita desturi. Tuhuma hiyo haitafutwa kwa saa za thamani. Yamkini hakuna mikutano inayochelewa kama ile ambayo wakubwa wake wamevaa saa za bei ya nyumba. Watu mia wakimngoja mtu mmoja kwa saa moja, saa mia za kazi zimeliwa, na aliyezila hakuandikwa katika daftari lolote la wizi. Ambaye saa yake yasomeka, yasema kweli na yaheshimiwa na mwenyewe, hata kama ni ya plastiki, amewalipa wenzake haki yao. Saa hii na inunuliwe, itiwe majira, itazamwe, na itiiwe.